HAYATI ROBERT SERUMAGA, MTU WA JUKWAA

Katika toleo hili la kumbukumbu tumeona tumkumbuke mtu wa Kampala ambaye kwanza alivionyesha vita jukwaani, kisha akaviingia mwenyewe.

Hayati Robert Serumaga alizaliwa mwaka 1939. Alisoma uchumi Trinity College, Dublin, na aliporudi Uganda angeweza kukaa ofisini akala mshahara wake kwa raha. Yeye akaanzisha Theatre Limited mjini Kampala. Mwaka 1969 ilitoka riwaya yake, Return to the Shadows, juu ya nchi inayopinduliwa na wanajeshi. Idi Amin alitwaa serikali Januari 1971.

Kundi lake lililofuata liliitwa Abafumi, yaani wasimulizi wa hadithi. Mchezo wao uliojulikana zaidi ni Renga Moi, wa mwaka 1972, uliotokana na simulizi ya Kiacholi. Kijiji kimevamiwa. Renga Moi, shujaa wao, amepata mapacha, na kwa mila baba wa mapacha hamwagi damu kabla matambiko hayajakwisha. Akikaa, kijiji kinateketea. Akienda, watoto wanabaki hatarini. Anakwenda, na anaporudi anakuta wanawe wametolewa kafara. Sisi tunaofundisha hapa kambini hatuna haja ya kuwafafanulia wazazi jambo hilo. Kwa watumishi wa mashirika tuseme tu kwamba wengi walio kwenye mstari wa mgao waliamua kwa dakika chache nani abebwe mgongoni na nani aachwe.

Renga Moi ulichezwa kwa lugha kadhaa za Uganda pamoja, ngoma na miili ikieleza yaliyobaki, na mwaka 1975 ulifika London. Amayirikiti, wa mwaka 1974, ulikwenda mbali zaidi: karibu hauna maneno. Watu wanaanguka, wanaliliwa, wanabebwa. Hapo tunaona ujanja wake, kwani mpelelezi hawezi kuandika kwenye faili neno ambalo halikutamkwa. Hata hivyo hatari ilikuwapo. Mwandishi mwenzake, Byron Kawadwa, alikamatwa na kuuawa mwaka 1977.

Serumaga alikimbilia Kenya, akawa mkimbizi kama sisi. Huko alijiunga na wale walioamua kumwondoa Amin kwa silaha. Kampala ilitekwa Aprili 1979 na jeshi la Tanzania pamoja na wapiganaji wa Uganda, naye akawa waziri wa biashara katika serikali ya Yusuf Lule. Wapo wasemao msanii angebaki na ngoma yake. Sisi hatuoni hivyo: aliyeutunga mchezo ule alijua gharama ya kwenda, na alijua pia gharama ya kukaa.

Serikali ya Lule ilidumu siku 68 tu. Serumaga alifariki Nairobi mwaka 1980, akiwa na umri wa miaka 41 hivi.