AL-KHALIL BIN AHMAD, ALIYEZITAFUTA HERUFI KOONI

Kila aliyepitia chuoni anazijua fataha, kasra na dhuma, na huenda mgongo wake ukawa bado wazikumbuka bakora alizozila kwa ajili yake. Walakini ukiuliza ni nani aliyezitunga, wengi watakutumbulia macho. Ni Al-Khalil bin Ahmad al-Farahidi, mtu wa kabila la Azd la Oman, nchi ambayo wengi wetu tuna nasaba nayo.

Alizaliwa yapata mwaka 100 wa Hijra, yaani 718 Miladia, na maisha yake yakawa Basra, Iraq. Mji huo ulijaa Waajemi na wageni wengine waliosilimu bila ya kuzaliwa na Kiarabu, nasi twajua kwamba irabu moja ikikosewa, maana ya aya hugeuka. Kabla yake Abul-Aswad ad-Du'ali alikuwa ametia nukta za wino wa rangi, lakini herufi nazo zina nukta zake, basi macho yakababaika. Al-Khalil akatwaa wau ndogo ikawa dhuma, akailaza alifu ndogo ikawa fataha, na kichwa cha ain kikawa hamza.

Kisha akaazimia kuyakusanya maneno ya Waarabu yote. Hakutaka kuanza na alifu, kwa kuwa ni dhaifu, hugeuka-geuka. Akawa aitamka kila herufi na kutega sikio ajue yatoka wapi, akaona ain ndiyo ya ndani kabisa kooni. Akaanza nayo, akashuka hadi midomoni, na kitabu kikaitwa Kitab al-Ayn, kamusi ya kwanza ya Kiarabu. Akapiga na hesabu: herufi tatu zaweza kupangwa njia 6, nne njia 24, tano njia 120. Katika hizo akabainisha zitumiwazo na zilizoachwa.

Hapa ndipo ninapompendea zaidi. Alisema kwamba neno lenye asili ya herufi nne au tano, likikosa zote hizi, r, l, n, f, b na m, hilo si la Waarabu, ni mgeni. Sisi pwani mabarazani twahukumu kwa masikio tu. Neno likisikika kama la Kiarabu, basi ni la Kiarabu. Ilhali bandari na serikali asili yake ni Kiajemi. Naam, bandari lingepenya katika chujio la Al-Khalil, kwani lina b, n na r. Chujio lake hunasa baadhi ya wageni, si wote. Lakini ni kipimo, si ubishi.

Washairi tuna deni jingine kwake. Yeye ndiye aliyeasisi elimu ya arudhi, na husimuliwa kuwa ilimjia akisikiliza nyundo za wafua shaba sokoni. Alipambanua vipimo 15, na cha 16 hunasibishwa na Al-Akhfash. Kila kimoja kiliitwa bahr, na ndiyo sababu nasi twasema bahari za ushairi, ijapokuwa sisi twahesabu mizani na wao hupima herufi zenye irabu na zenye sukuni.

Kwa elimu yote hiyo aliishi kibandani. Yasimuliwa kwamba liwali wa Ahwaz alimtumia mjumbe aje awasomeshe wanawe, naye akamwonyesha mjumbe mkate mkavu na kumrudisha. Mwanafunzi wake Sibawayh, Mwajemi, aliandika kitabu kikuu cha sarufi ya Kiarabu, na hakuna mwalimu anayetajwa humo kama Al-Khalil. Kitab al-Ayn chenyewe wanazuoni wengi wasema kilikamilishwa na Al-Layth bin al-Muzaffar.

Alifariki mwaka 786, au 791 kwa kauli nyingine. Husimuliwa kwamba aliingia msikitini akiwaza namna ya hesabu nyepesi, hata kijakazi akienda dukani asipunjwe, na kwa kuzama katika fikira akajigonga nguzoni, na hilo likawa sababu ya mauti yake. Mwenyezi Mungu amrehemu.