Okada Yoshiko, mwigizaji aliyeitoroka filamu yake

Watu hulipa kiingilio wakaingia sinema kulilia mapenzi yaliyokatazwa, kisha wakitoka ndio wa kwanza kumnyooshea kidole jirani aliyependa pasipotakiwa. Okada Yoshiko wa Japani aliyaonja yote mawili.

Alizaliwa Hiroshima mwaka 1902. Alipoanza kuigiza, filamu hazikuwa na sauti. Msimulizi, aliyeitwa benshi, alisimama kando ya pazia akiwaeleza watazamaji yanayotendeka. Mwaka 1927 kampuni ya Nikkatsu ilimpa nafasi kuu katika kisa kilichotokana na kitabu cha Dumas wa Ufaransa: mwanamke mwenye jina baya anamwacha kijana ampendaye ili kulinda heshima ya ukoo wao. Kabla kazi haijamalizika, Okada akatoroka na mwigizaji mwenzake, Takeuchi Ryoichi. Ikawa fedheha kubwa. Kampuni ikawafukuza, na nafasi yake akapewa mwingine.

Baadaye alirudi kwenye filamu. Mwaka 1933 Ozu Yasujiro alimpa nafasi ya dada anayemsomesha ndugu yake kwa pesa za kazi ya usiku anayoificha. Kijana anapoambiwa siri hiyo, anajiua kwa aibu. Hiyo pia ilikuwa filamu bubu.

Tarehe 3 Januari 1938 alitoroka tena. Safari hii alikuwa na Sugimoto Ryokichi, mwongozaji wa tamthilia na mkomunisti aliyeandamwa na serikali. Sugimoto alikuwa na mke, tena mgonjwa. Wawili hao walivuka mpaka kwenye theluji ya Sakhalin, wakaingia Urusi ya Kisovieti wakitaraji kupokewa. Walikamatwa, wakateswa hadi wakakiri ujasusi ambao hawakuufanya. Sugimoto alipigwa risasi mwaka 1939. Okada alifungwa karibu miaka 10, kisha akafanya kazi redioni Moscow. Japani aliiona tena mwaka 1972, na mwaka 1992 akafariki Moscow.

Sisemi alifanya sawa. Yule mke aliyeachwa kitandani alikuwa na haki zake, na machozi yake hayakuwekwa kwenye filamu yoyote. Lakini sisi tumefundishwa kumsitiri aliyeteleza ili apate njia ya kurudi. Huruma inayoishia mlangoni mwa sinema haimfai mtu. Jirani yetu naye anaihitaji, hasa siku ile mtaa mzima unapomtaja.