Jimmie Rodgers, Mtunzi wa Nyimbo za Reli

Soma habari ifuatayo, ukiangalia kazi ya viambishi -li-, -ka- na -ki- katika masimulizi.

Jimmie Rodgers alizaliwa tarehe 8 Septemba 1897 kusini mwa Marekani, akakulia Meridian, katika jimbo la Mississippi. Mama yake alifariki yeye angali mtoto. Baba yake alikuwa msimamizi wa vibarua wa reli, naye kijana akaifuata kazi hiyo, akawa mfunga breki wa garimoshi. Huko relini aliwasikia vibarua Weusi wakiimba ili kupunguza uzito wa kazi, akajifunza nyimbo kwao.

Mwaka 1924 aligunduliwa kuwa na kifua kikuu. Siku zile ugonjwa huo haukuwa na dawa. Mgonjwa alishauriwa kupumzika na kutafuta hewa safi. Lakini Rodgers alikuwa na mke na mtoto wa kulisha, na kazi ya reli ilikwisha kumshinda. Tegemeo lake likabaki kuwa sauti, nayo ilitoka katika mapafu yale yale yaliyokuwa yakiliwa na maradhi.

Mwezi wa Agosti 1927, Ralph Peer alikuwa akirekodi waimbaji mjini Bristol, Tennessee, kwa niaba ya kampuni ya santuri ya Victor. Rodgers akaenda na bendi yake. Kabla ya kurekodi wakagombana juu ya jina la bendi, wenzake wakamwacha. Yeye hakurudi nyumbani: akaingia peke yake na gitaa, akarekodi nyimbo mbili. Santuri hiyo haikuvuma sana. Novemba akasafiri hadi New York bila kuitwa, akamtafuta Peer, akapewa nafasi ya pili. Safari hii alirekodi wimbo uitwao Blue Yodel, uliounganisha nyimbo za huzuni za Weusi na uimbaji wa kurusha sauti ghafla kutoka nzito hadi nyembamba. Wimbo huo ukamtangaza Marekani nzima.

Kwa muda usiofika miaka sita alirekodi nyimbo zaidi ya 100, nyingine akizitunga pamoja na shemeji yake, Elsie McWilliams. Alijenga jumba Kerrville, Texas, penye hewa kavu, lakini baadaye akalazimika kuliuza. Hata ugonjwa wenyewe aliutungia wimbo. Mei 1933 alirudi New York kurekodi, akiwa dhaifu kiasi cha kujilaza kitandani mumo humo studioni kati ya wimbo na wimbo. Alifariki tarehe 26, siku mbili baada ya kurekodi wimbo wa mwisho, akiwa na umri wa miaka 35.

Sauti yake haikufa naye. Santuri zake zilifika Kenya, na Wakipsigis wakalitamka jina lake kwa lafudhi yao: Chemirocha. Mwaka 1950 Hugh Tracey alirekodi wasichana wa Kipsigis wakimwimba Chemirocha, kiumbe nusu mtu nusu paa. Hivyo mgonjwa aliyekosa pumzi alizungumza na watu wasioijua lugha yake, nao wakampa makao katika nyimbo zao.

Zoezi
1. Kwa nini Rodgers hakufuata ushauri wa kupumzika?
2. Taja vitenzi vitano vyenye -ka- katika aya ya tatu, ueleze kazi ya kiambishi hicho.
3. Eleza tofauti ya maana kati ya "wakiimba" na "wakaimba".