Garrett Morgan: Aliyenyimwa njia maishani, akatufunza kupishana barabarani

Kama umewahi kupanda matatu pale Tea Room jijini Nairobi ukielekea Meru, hii barabara unaijua. Mkishapita Embu, Chuka, Chogoria na Igoji, mnaingia Kanyakine. Ni mlima na bonde, kona baada ya kona. Sehemu kubwa ina leni moja ya kwenda na moja ya kurudi.

Sasa fikiria lori la ndizi limekwama hapo mlimani. Utingo amekata matawi na kuyatandaza barabarani kuwaonya wenye magari. Leni moja imekufa, imebaki moja tu. Matatu yenu inapanda kutoka Igoji, pikapu ya miraa inashuka kutoka upande wa Nkubu kama imechelewa ndege, na nduthi mbili zinajipenyeza katikati.

Nani apite kwanza?

Ukiuliza steji, utaambiwa apite mwenye gari kubwa, au mwenye honi kali, au mwenye haraka. Na wewe abiria huwa unanyamaza, unaendelea na simu yako. Lakini barabara hii haisamehi. Julai 24, 2022, basi lililotoka Meru likielekea Mombasa lilitumbukia kwenye bonde la mto Nithi, huko mbele ukielekea Chuka, na zaidi ya watu 30 wakapoteza maisha. Ajali ile haikutokana na kugombania njia, ila inatukumbusha kwamba kwenye miteremko hii kosa dogo halina pa kurekebishiwa.

Leo nataka nikusimulie maisha ya mtu aliyelifikiria swali hili miaka mia moja iliyopita. Hakuwahi kufika Kanyakine. Amefariki zaidi ya miaka 60 sasa. Lakini ukimwelewa yeye, utaelewa kwa nini ni lazima mmoja wenu asubiri.

Jina lake ni Garrett Morgan. Alizaliwa Machi 4, 1877, Claysville, kijiji cha watu weusi karibu na mji wa Paris katika jimbo la Kentucky, Marekani. Usichanganye na ile Paris ya Ufaransa. Utumwa ulikuwa umepigwa marufuku nchini humo mwaka 1865, yaani miaka 12 tu kabla azaliwe, na familia yake ilikuwa imetoka huko huko utumwani. Walizaliwa watoto 11, yeye akiwa wa saba. Shule aliifikisha kiwango cha msingi tu.

Akiwa na miaka 14 hivi, umri wako ukiwa bado unatumiwa pesa za nauli na mzazi, alifunga virago akaenda Cincinnati, Ohio, kutafuta kibarua. Alifanya kazi za mikono, na kutoka kwa ule ujira mdogo akawa anamlipa mwalimu wa kumfundisha jioni. Mwaka 1895 akahamia Cleveland, mji wa viwanda kando ya Ziwa Erie. Huko akapata kazi ya kurekebisha cherehani katika kiwanda cha nguo.

Hapo ndipo kichwa chake kilipofunguka. Garrett hakuwa fundi wa kukaza skrubu tu kisha aende zake. Akishika mashine, alitaka kujua ni kwa nini ilikwama na vipi isikwame tena. Mwaka 1907 alifungua duka lake mwenyewe la cherehani. Mwaka uliofuata akamwoa Mary Hassek, mhamiaji kutoka Ulaya aliyekuwa mshonaji, wakajaliwa wavulana watatu. Baadaye akaanzisha kampuni ya mafuta ya kunyoosha nywele. Pesa ikaanza kuingia. Alikuwa hasla kamili, kabla neno hilo halijafika kwetu.

Mwaka 1914 alipata hataza ya kofia ya kujikinga na moshi. Ilifunika kichwa chote, ikawa na mirija mirefu iliyoning'inia hadi karibu na sakafu. Kwa nini sakafuni? Kwa sababu moshi hupanda juu, na hewa yenye nafuu hubaki chini. Mwisho wa mirija aliweka sponji yenye maji ya kupoza na kuchuja hewa. Ni jambo rahisi, lakini wazima moto walihitaji kitu kama hicho.

Shida ilikuwa kukiuza. Katika majimbo ya kusini, wazungu wengi hawakutaka kununua kifaa kilichobuniwa na mtu mweusi. Basi Garrett akawa anamlipa mzungu ajifanye ndiye mbunifu, huku yeye mwenyewe akijifanya msaidizi wa asili ya Wahindi Wekundu, anavaa kofia ile na kuingia kwenye hema lililojaa moshi mbele ya watu. Wazia hiyo. Umebuni kitu kwa akili yako, halafu unasimama nyuma ili mwingine apigiwe makofi.

Usiku wa Julai 24, 1916, gesi ililipuka ndani ya handaki lililokuwa likichimbwa chini ya Ziwa Erie kupeleka maji ya kunywa Cleveland. Wafanyakazi walinasa humo. Waokoaji walioingia nao wakazidiwa na gesi. Ndipo mtu akakumbuka kuna fundi mweusi mwenye kofia za ajabu. Garrett aliamshwa usiku, akaja na kaka yake Frank, wakavaa kofia na kushuka. Walitoa watu waliokuwa bado hai na miili ya waliokuwa wamefariki.

Unadhani alifanywa shujaa? Wengine walisifiwa kuliko yeye. Tena picha zake zilipoenea na watu wakajua mbunifu ni mweusi, baadhi ya miji ilifuta oda zake za kofia. Alifungua njia, wengine wakapita mbele yake.

Sasa tuje barabarani. Cleveland ya wakati huo ilikuwa fujo. Magari yalikuwa yameongezeka haraka, na yote yalitumia barabara moja na mikokoteni ya farasi, baiskeli, tramu za umeme na waenda kwa miguu. Kila mmoja alijiona ana haki ya kutangulia. Husimuliwa kwamba siku moja Garrett alishuhudia gari na mkokoteni wa farasi vikigongana kwenye makutano, na kisa hicho hakikumtoka kichwani.

Hapa nikurekebishe kidogo, maana mtandaoni utasoma kwamba yeye ndiye aliyebuni taa za kwanza za trafiki. Si kweli. Hata Cleveland yenyewe ilikuwa imeweka taa za umeme za rangi nyekundu na kijani tangu Agosti 5, 1914, kwenye makutano ya Euclid Avenue na barabara ya East 105th. Alichokifanya Garrett ni kitu kingine, na kwangu mimi ndicho kikubwa zaidi.

Aliona kasoro. Vifaa vingi vya wakati ule vilikuwa na amri mbili tu, simama na nenda. Sekunde hii upande huu unaruhusiwa, sekunde inayofuata ni zamu ya upande ule. Je, yule aliyekuwa tayari katikati ya makutano? Je, bibi kizee anayevuka kwa miguu? Walikuwa wananaswa kati ya simama na nenda, na hapo ndipo watu walipogongwa.

Novemba 20, 1923, Garrett alipewa hataza ya kifaa chake. Kilikuwa mlingoti wenye mikono, umbo lake kama herufi T, ukiendeshwa na mtu kwa kuzungusha mpini. Kilikuwa na amri ya kusimama na ya kwenda kama vingine. Lakini kati ya hizo mbili aliweka ya tatu, ambayo ilisimamisha pande zote kwa pamoja. Hakuna anayeingia. Aliye ndani amalize kutoka, anayetembea avuke, kisha ndipo upande wa pili uruhusiwe. Usiku, wakati magari ni machache, mikono iliwekwa nusu ili kila anayefika apunguze mwendo na kuangalia.

Basi hiyo ndiyo zawadi yake kwetu, ule muda mfupi ambao hakuna mtu anayedai njia. Wazo hilo hilo utaliona kila taa ya njano inapowaka pale Haile Selassie au Kenyatta Avenue.

Sasa lichukue wazo hilo ulipeleke mahali leni zinapobanana. Uwe unaendesha Probox ya mjomba, nduthi ya kazi, au umekaa tu kiti cha mbele.

Leni yako ikiisha, wewe ndiye unayepiga hodi. Washa indiketa mapema, tazama kioo, geuza shingo uone pembeni, kisha subiri nafasi. Haki ni ya aliye kwenye leni inayoendelea. Usikimbilie nchani ukidhani utamtisha aachie.

Na wewe uliye kwenye leni inayoendelea, haki yako si ya kumfungia mwenzako mlango. Ukiona indiketa yake halafu ukaongeza mafuta kuziba ile nafasi, umemwacha kati ya simama na nenda. Ndilo kosa lile lile Garrett alilotaka kuliondoa. Punguza kidogo, mpishe mmoja, endelea na safari.

Kama ni jamu na magari yanatambaa, tumieni leni zote mbili hadi pale zinapokutana, halafu mpishane zamu kwa zamu. Mmoja wa huku, mmoja wa kule, kama meno ya zipu. Ujerumani wameliandika jambo hili katika sheria yao ya barabarani. Sisi hatuhitaji kungoja afisa wa trafiki aje kutuambia.

Kizuizi kikiwa upande wako, kama lile lori la ndizi, wewe ndiye unayesubiri. Anayekuja yuko kwenye leni yake, ni wewe unayetaka kuiazima. Na hata kama haki ni yako, mtazame anayepanda mlima na mzigo. Akisimama, kuondoka tena ni shida na anaweza kurudi nyuma. Wewe unayeshuka unaweza kumpisha bila kupoteza kitu.

La mwisho, usijishikilie mkia wa gari lililo mbele ili mpite pamoja. Mbele yako likipita, upande wa pili unaamini njia imefunguka. Wewe usiyeonekana nyuma ya lori ndiye utakayekutana nao ana kwa ana.

Wewe abiria je? Una mdomo. Kumwomba dereva kwa heshima apunguze mwendo si ushamba. Kama yeye ni rika la baba yako, mwite mzee, mwite baba, lakini mwambie.

Turudi kwa Garrett. Hakuishia kwenye mashine. Mwaka 1908 alikuwa ameshiriki kuanzisha chama cha watu weusi wa Cleveland, na mwaka 1920 akaanzisha gazeti lao, Cleveland Call. Mwaka 1931 aligombea kiti katika baraza la jiji, akashindwa. Miaka ya arobaini ugonjwa wa macho ukaanza kumnyang'anya uwezo wa kuona. Alifariki Julai 27, 1963, akiwa na miaka 86. Hapo Kenya yetu ilikuwa imebakisha miezi michache tu kupata uhuru.

Heshima ilikuja polepole. Mwaka 1991, miaka 75 baada ya ule mkasa wa ziwani, Cleveland iliupa mtambo wake wa maji jina lake. Ni maji hayo hayo ambayo handaki lile lilichimbwa kuyaleta.

Mimi humfikiria sana kila ninapoona gari likizibiwa nafasi. Huyu ni mtu ambaye maisha yake yote wengine walipita mbele yake. Angeweza kubuni kitu cha kumfanya mwenye nguvu apite haraka zaidi. Badala yake alibuni kitu cha kumlinda yule aliyebaki katikati.

Kwa hiyo safari ijayo, mkifika pale Kanyakine mkute lori limekwama, angalia vizuri. Mara nyingi utamwona kijana wa kijiji amesimama katikati ya lami na tawi mkononi. Amejipa kazi mwenyewe, hakuna anayemlipa. Anasimamisha upande huu, anasimamisha na upande ule, anangoja hadi leni iwe tupu kabisa, kisha anaita upande mmoja.

Huenda hajawahi kusikia jina la Garrett Morgan, lakini anafanya kazi yake. Mtii. Zile sekunde za kusubiri hazitakuchelewesha kufika nyumbani, na wahenga walishatuambia kwamba kutangulia si kufika.