Jina la Fransisko

Akina Fransisko tunao wengi hapa Karagwe na Kyerwa, nasi twaona vema kueleza asili ya jina lao. Ni la Mtakatifu Fransisko wa Assisi, ambaye Kanisa humkumbuka tarehe 4 Oktoba.

Alizaliwa Italia yapata mwaka 1181, akabatizwa Giovanni, yaani Yohana. Baba yake, Pietro di Bernardone, mfanya biashara ya nguo, yasemekana alikuwa safarini Ufaransa. Aliporudi alimwita Francesco, maana yake Mfaransa. Sisi hatushangai, kwani kwetu pia mtoto huitwa kwa yaliyotukia alipozaliwa. Basi lilikuwa jina la biashara, wala si la mtakatifu ye yote.

Kijana alipouza nguo za dukani ili atengeneze kanisa bovu la San Damiano, baba alimshitaki kwa askofu. Fransisko alirudisha fedha, akavua hata nguo za mwilini akamrudishia. Askofu akamsitiri kwa joho lake. Vyote vya baba alivirudisha, isipokuwa jina. Alikufa fukara mwaka 1226. Mwaka 1228 alitangazwa mtakatifu, na wazazi wengi wakaanza kuwabatiza watoto wao kwa jina hilo.