Langston Hughes na santuri ya Uhuru Afrika

Mwezi Novemba 1960, katika studio mjini New York, Mtanganyika aitwaye Tuntemeke Sanga alisoma shairi kwa Kiswahili. Shairi lilikuwa la Mmarekani Mweusi, Langston Hughes, aliyeliandika kwa Kiingereza. Sanga ndiye aliyelitafsiri. Lilifungua santuri ya jazi iliyoongozwa na mpiga piano Randy Weston na kuitwa Uhuru Afrika. Kitivoni humu Hughes hutajwa kama mshairi wa Harlem, basi. Mimi nasimulia maisha yake nikiielekea santuri hiyo, maana naona ndiyo iliyomfungulia mlango aliokuwa akiubisha tangu ujana.

Hughes alizaliwa Joplin, Missouri, mwanzoni mwa karne ya 20. Wazazi wake walitengana, baba akahamia Meksiko, na mtoto akalelewa na bibi yake huko Lawrence, Kansas. Mume wa kwanza wa bibi huyo alikufa mwaka 1859 katika shambulio la Harpers Ferry, lililokusudia kuvunja utumwa. Kwa hiyo mjukuu alikua akisikia habari za uhuru nyumbani.

Mwaka 1920, akisafiri kwa treni kwenda kwa baba yake, alivuka mto Mississippi akaandika The Negro Speaks of Rivers. Jarida la The Crisis lilichapisha shairi hilo mwaka 1921. Ndani yake mto Kongo unatajwa pamoja na Frati, Nili na Mississippi. Sisi wa Kazimia lazima tutege sikio hapo: maji ya Ziwa Tanganyika tunayoyachota ufukoni hutoka kwa mto Lukuga pale Kalemie, huingia Lualaba, na Lualaba ndio Kongo wenyewe. Kijana aliyeuimba mto huo alikuwa bado hajaikanyaga Afrika.

Aliikanyaga mwaka 1923, akiwa baharia katika meli ya mizigo iliyopita pwani ya magharibi. Alishuka kwa hamu kama mtu arudiye kwao. Wenyeji walimtazama rangi yake iliyochanganyika, wakamwambia kuwa yeye si mweusi. Amesimulia uchungu huo katika kitabu chake The Big Sea cha mwaka 1940. Nadhani jeraha halikuwa la rangi peke yake. Lugha aliyokuja nayo kuamkia watu ilikuwa lugha ya wenye meli na ya watawala.

Aliporudi Marekani alitafuta Afrika mahali pengine, yaani katika bluzi. Kitabu chake cha kwanza, The Weary Blues, kilitoka mwaka 1926, na baadaye alizoea kusoma mashairi yake huku wanamuziki wa jazi wakipiga. Ndiyo maana Weston alimwendea alipotaka kutunga kazi ya kuisherehekea Afrika. Mwaka huo wa 1960 nchi 17 za Afrika zilipata uhuru, Kongo yetu ikiwemo, tarehe 30 Juni.

Melba Liston, mwanamke mpiga tromboni, alipanga muziki kwa ajili ya bendi kubwa. Ndani yake walikuwemo Max Roach na Freddie Hubbard, mafundi wa hadi bopu, jazi ile iliyochota bluzi na nyimbo za kanisani, pamoja na Mnaijeria Babatunde Olatunji kwenye ngoma. Sehemu zake ni nne: Uhuru Kwanza, African Lady, Bantu na Kucheza Blues. Weston aliwauliza Waafrika wa Umoja wa Mataifa ni lugha ipi iisemee Afrika, wakamtajia Kiswahili. Jibu hilo halitushangazi sisi wa Fizi, ambako Mbembe na jirani yake hukutana sokoni kwa lugha hiyo hiyo. Sanga aliyasoma maneno ya uhuru wakati nchi yake mwenyewe ingali chini ya Waingereza. Ilijitawala Desemba 1961. Serikali ya makaburu wa Afrika Kusini iliipiga santuri hiyo marufuku.

Juni 1962 Hughes alikuwa Makerere, Kampala, kwenye mkutano wa waandishi wa Kiafrika. Lakini mkutano huo uliwaita wanaoandika kwa Kiingereza. Shaaban Robert hakualikwa, na alifariki mwezi uo huo. Kwangu mimi hapa ndipo penye fundisho: wanamuziki wa New York walikuwa wamekwisha kukipa Kiswahili kiti cha mbele, na wasomi wa Afrika Mashariki wakakiacha nje ya ukumbi. Tunaosoma fasihi kwa Kifaransa na kurudi nyumbani kusimulia kwa Kiswahili tunaujua ukumbi huo.

Hughes hakuisahau Kongo: Lumumba alipouawa, alimwandikia shairi. Alifariki New York tarehe 22 Mei 1967. Kwa wosia wake, mazishini hapakuwa na maombolezo mengi. Randy Weston alipiga piano, akapiga bluzi. Majivu yake yamewekwa Harlem, katika Kituo cha Schomburg, chini ya sakafu iliyochorwa kwa heshima ya lile shairi la mito. Kijana aliyeambiwa pwani kuwa si mwenzao alikuwa ameshasikika Kiafrika, na aliyemvusha ni mfasiri.