Mwalimu wa hesabu aliyeutwaa ubingwa wa dunia

Mshika mbili moja humponyoka, walinena wahenga, na sisi walimu tumekuwa mahodari wa kuitumia methali hii kuwatia wanafunzi hofu. Mtoto akionekana na ubao wa sataranji chini ya dawati, huitwa ofisini akaulizwa iwapo alikuja shuleni kusoma au kucheza. Mimi mwenyewe nimewahi kuitamka methali hiyo kwa sauti nzito mbele ya darasa. Leo naomba ruhusa ya msomaji niipime kwa maisha ya mtu mmoja aliyeshika manne au matano kwa wakati mmoja. Sitaficha kwamba moja lilimponyoka. Ninalotaka kuuliza ni jinsi lilivyomponyoka, na alibaki na nini mkononi.

Mtu huyo ni Max Euwe, Mholanzi aliyezaliwa tarehe 20 Mei, 1901, huko Watergraafsmeer, karibu na Amsterdam. Sataranji alifundishwa na wazazi wake angali mtoto mdogo. Alipofika Chuo Kikuu cha Amsterdam alichagua hesabu, akasomeshwa na Brouwer, mmoja wa wanahisabati wakubwa wa zama zile. Mwaka 1921, akiwa na umri wa miaka 20, alikuwa bingwa wa sataranji wa Uholanzi. Na mwaka 1926 alitunukiwa shahada ya udaktari katika hesabu. Kijana mwenye sifa mbili kama hizo angetarajiwa kuchagua ama maabadi ya wasomi ama ulingo wa mabingwa. Euwe hakuchagua hata kimoja. Alioa, akaanzisha familia, na akaenda kufundisha hesabu katika shule ya wasichana mjini Amsterdam.

Yafaa tuelewe uzito wa jambo hilo. Washindani wake wakubwa walikuwa watu walioishi kwa sataranji. Walisafiri kutoka jiji hadi jiji, wakila na kulala kwa mapato ya mchezo huo. Euwe alikuwa mchezaji wa ridhaa. Alikuwa na madaftari ya kusahihisha na kengele ya asubuhi ya kuwahi, na mashindano yake mengi aliyacheza wakati wa likizo za shule. Hata hivyo, katika mashindano ya Krismasi ya mwaka 1930 na 1931 mjini Hastings, katika pwani ya Uingereza, mwalimu huyu alitwaa nafasi ya kwanza, akimwacha wa pili José Raúl Capablanca, mwana wa Kuba aliyekuwa bingwa wa dunia hadi mwaka 1927.

Siku yake kuu ilikuja mwaka 1935. Bingwa wa dunia wakati huo alikuwa Alexander Alekhine, mzaliwa wa Urusi aliyekuwa amechukua uraia wa Ufaransa, mchezaji mwenye mashambulizi ya kutisha. Pambano lao lilianza tarehe 3 Oktoba na kuchezwa katika miji kadhaa ya Uholanzi. Baada ya michezo 7 Alekhine alikuwa na pointi 5, Euwe 2. Wengi walidhani shughuli imekwisha. Lakini mwalimu hakutetereka. Aliyachunguza makosa yake kama anayesahihisha kazi ya mwanafunzi, akajongea polepole, na tarehe 3 Desemba, katika mji wa Zandvoort, alishinda mchezo wa 26, ambao hadi leo huhesabiwa miongoni mwa michezo mizuri zaidi kuwahi kuchezwa. Pambano lilimalizika tarehe 15 Desemba, Euwe akiwa na pointi 15 na nusu dhidi ya 14 na nusu. Mwalimu wa hesabu alikuwa bingwa wa dunia.

Sasa tazama alivyoutumia ubingwa huo. Katika siku zile taji la sataranji lilikuwa kama mali ya bingwa mwenyewe. Hapakuwa na chombo cha kumlazimisha acheze na nani wala lini. Alekhine alipompokonya Capablanca taji hilo mwaka 1927, hakumpa tena nafasi ya kulirudia hadi mwisho wa maisha yake. Euwe angeweza kufuata nyayo hizo, akaketi juu ya taji kwa miaka mingi, na hakuna ambaye angemshtaki. Badala yake alimpa Alekhine pambano la marudio, bila hila wala kuahirisha. Mwaka 1937 Alekhine alikuja akiwa amejiandaa barabara, akashinda kwa pointi 15 na nusu dhidi ya 9 na nusu. Ubingwa wa Euwe ulikuwa umedumu miaka miwili tu, naye akaendelea na ualimu wake.

Hapa ndipo mtumiaji wa methali atakaponiandama. Je, halikumponyoka? Nakiri kwamba lilimponyoka. Huenda mtu asiye na darasa la kufundisha angelilinda vizuri zaidi. Na umri ulipozidi mambo yalikuwa mabaya: mwaka 1948, baada ya kifo cha Alekhine, wachezaji watano walipambana kuamua bingwa mpya, na Euwe akawa wa mwisho kwa pointi 4 kati ya 20. Wapo waandishi wa sataranji wanaomweka katika daraja la chini miongoni mwa mabingwa wa dunia. Sina nia ya kubishana nao kuhusu ubao. Nina neno kuhusu mikono yake mingine.

Mimi sikumjua Euwe kupitia sataranji. Nilikutana na jina lake nilipokuwa nikisoma kuhusu mifuatano ya alama, jambo linalotuhusu sisi wanaisimu, kwa kuwa lugha nayo hutumia sauti chache kuunda tungo zisizo na kikomo. Mwaka 1929 Euwe alichapisha makala ya kihisabati kuhusu sataranji. Palikuwa na kanuni iliyosema kwamba mfululizo uleule wa hatua ukirudiwa mara tatu kwa kufuatana, mchezo uhesabiwe sare; kanuni hiyo ilidhaniwa kwamba inazuia mchezo usiokwisha. Euwe alithibitisha kwamba haizuii. Alama mbili tu zaweza kupangwa milele bila kipande chochote kujirudia mara tatu mfululizo. Thue, mwanahisabati wa Norway, alikuwa amegundua mpangilio huohuo kabla yake, lakini Euwe aliufikia kwa njia yake mwenyewe. Mchezo ulimpa swali, na hesabu ikampa jibu. Aliyeshika kimoja tu kati ya hivyo viwili asingeliona hata swali lenyewe.

Mkono mwingine aliunyosha kuelekea tarakilishi, tangu miaka ya hamsini, wakati mashine hizo zilikuwa adimu na zenye ukubwa wa chumba. Kati ya mwaka 1961 na 1963 aliongoza kamati ya Jumuiya ya Ulaya ya Nishati ya Atomiki iliyochunguza uwezekano wa kuifanya mashine icheze sataranji. Mwaka 1964 aliteuliwa kuwa profesa wa taaluma ya tarakilishi huko Rotterdam na Tilburg, kazi aliyoifanya hadi alipostaafu mwaka 1971. Mashine ilipomshinda bingwa wa dunia Garry Kasparov katika pambano la mwaka 1997, Euwe alikuwa kaburini, ila njia aliyosaidia kuianza ilikuwa imefika.

Fauka ya hayo, kuanzia mwaka 1970 hadi 1978 alikuwa rais wa FIDE, shirikisho la sataranji la dunia. Alisafiri mno na kuzifungulia mlango nchi changa, ingawa wakubwa wa mchezo, hasa Wasovieti, hawakupendezwa na kupungua kwa nguvu zao. Mwaka 1972 Bobby Fischer alipochelewa kufika Reykjavik kupambana na Boris Spassky, Euwe aliahirisha ufunguzi ili pambano lisivunjike. Alilaumiwa, lakini pambano likachezwa. Mwaka 1976 Viktor Korchnoi alipoitoroka Shirikisho la Kisovieti, Euwe alisimamia haki yake ya kuendelea kuwania taji. Aliyekuwa amelitoa taji lake mwenyewe kwa haki alikuwa na uso wa kuwadai wengine haki.

Max Euwe alifariki mjini Amsterdam tarehe 26 Novemba, 1981. Aliacha vitabu zaidi ya 70, vingi vikiwa vya kuwafundisha wanaoanza, maana ualimu haukumtoka hata alipoacha darasa. Jijini humo upo uwanja wenye jina lake, na katika uwanja huo ubao mkubwa wa sataranji ambapo wapita njia husukuma kete zenye kimo cha mtoto.

Methali ya wahenga siifuti. Ni onyo jema kwa mwenye pupa. Lakini ni onyo, wala si sheria ya kuwafunga watoto. Wakati huu ambapo shule zetu zinawataka wanafunzi wachague njia zao mapema, tujihadhari tusimwambie mwenye vipawa vitatu kwamba viwili ni vya kutupa. Na kwa walimu wenzangu wanaoambiwa kila siku kwamba kazi yetu ni ya waliokosa nyingine, nawakumbusha kwamba bingwa wa dunia wa mwaka 1935 alikuwa na chaki mfukoni, na hakuona haya kuirudia. Nami mwanafunzi wangu mwingine akikutwa na ubao chini ya dawati, nitamuuliza kwanza ni zamu ya nani kucheza.